Nani Aliandika Vichekesho vya Mzee Majuto?

Muulize mtu yeyote aliyesoma Kiswahili sekondari miaka yetu: nani aliandika Ngoswe: Penzi Kitovu cha Uzembe? Atakujibu hujamaliza swali: Edwin Semzaba. Sasa muulize huyo huyo: nani aliandika vichekesho vya Mzee Majuto? Atakutazama kidogo, atacheka, halafu atakwambia, "Kwani vile viliandikwa?"

Jibu hilo nimelisikia hosteli, nimelisikia kantini, na nimelisikia kwa wanafunzi wa Kiswahili wa mwaka wa tatu ambao muda si mrefu watasimama mbele ya darasa na kuitwa walimu. Ndiyo maana naandika makala hii. Mimi nasema viliandikwa. Wino haukutumika, sawa, lakini kuna mtu alikaa akavitunga, akavipanga, akajua wapi anyamaze na wapi aachie neno, akavirudia mpaka vikakaa sawa. Mtu huyo ndiye yule yule tuliyemwona akivicheza. Alifanya kazi mbili, ya mtunzi na ya mwigizaji. Sisi tukaiona moja, na hata hiyo moja hatukuilipa vizuri.

Jina lake halisi ni Amri Athumani. Alizaliwa Tanga mwaka 1948. Alianza kuigiza jukwaani akiwa bado mtoto, mwishoni mwa miaka ya 1950, bendera ya Mwingereza ikiwa bado inapepea, na akaendelea mpaka uzeeni. Hebu fikirieni safari hiyo. Alianzia jukwaani, ikaja mikanda ya video, zikaja CD na DVD, ikaja televisheni, yakaja matangazo ya biashara, ikaja simu ya mkononi ambako leo vipande vyake vinarushwa kwenye magrupu ya WhatsApp na watu waliozaliwa juzi. Kila chombo kipya kilipofika kilimkuta kazini. Alifariki Hospitali ya Taifa Muhimbili tarehe 8 Agosti 2018, akazikwa kwao Tanga. Ni kama miaka 60 ya kazi moja. Ni maprofesa wangapi wana rekodi hiyo?

Kwetu Kilwa Kivinje hatuna jumba la sinema. Tuna boma la Wajerumani, nyumba za mawe zinazobomoka, soko la samaki, na vibanda umiza. Nilipokuwa shule ya msingi, kibandani kulikuwa na vitu vya aina mbili: filamu za Kichina na Kihindi zilizotafsiriwa na jamaa mmoja anayeigiza sauti za watu wote, na Mzee Majuto. Za Kichina tulizirudia sisi watoto, kwa mateke. Za Majuto zilirudiwa kwa maneno, na waliozirudia walikuwa watu wazima. Mama muuza samaki akibishana na mteja juu ya chenji, anabetua mdomo na kukaza macho kama Mzee, watu wanacheka, ugomvi unaishia pale. Wapo wazee mtaani kwetu ambao hawajawahi kushika kitabu cha riwaya, lakini kichekesho kizima wanakijua tangu mwanzo mpaka mwisho, na ukikosea wanakurekebisha. Kama hiyo si fasihi, basi zile kozi za fasihi simulizi tunazokesha nazo wakati wa mitihani ni za nini?

Tatizo ni kwamba tumezoeshwa kuamini uandishi ni karatasi. Lakini kichekesho kina historia yake, na miongoni mwa waliokipa heshima ya kitaaluma ni mtu wa pwani hii hii ya kusini. Ebrahim Hussein, aliyezaliwa 1943, wengi tunamjua kwa Kinjeketile, tamthilia ya mwaka 1969 juu ya vita vya Majimaji. Wachache tunakumbuka kwamba kwenye Alikiona alitumia umbo la kichekesho, kile kilichokuwa kikichezwa katikati ya nyimbo za taarabu watu wapate kupumua, na kwamba kichekesho alikijadili pia kwenye utafiti wake wa udaktari alioufanya Ujerumani miaka ya 1970. Yaani mwandishi mkubwa kabisa wa tamthilia tuliye naye alikitazama kichekesho cha watu wa kawaida akaona humo kuna sanaa ya kusomwa.

Kwa nini basi tunasema hakiandikwi? Kwa sababu watendaji wake mara nyingi hawashiki karatasi. Wanakubaliana kisa, nani anaingia lini, ugomvi uko wapi na utaishaje. Maneno mengine yanazaliwa mbele ya watu. Vikundi vikubwa vya Dar es Salaam kama Muungano na Tanzania One Theatre viliishi hivyo: ngoma, sarakasi, taarabu, na maigizo ambayo mara nyingi hayakuwa na hati yoyote. Anayesema "ah, yule alikuwa anaongea tu" namwomba ajaribu. Panda jukwaani siku ya kuwakaribisha mwaka wa kwanza, ongea tu, tuone kama utamaliza dakika tatu hujazomewa.

Yule mzee aliyetungwa na Amri Athumani, mbishi, mpenda hela, anayejiona mjanja kuliko vijana mpaka ujanja unapomgeukia, alidumu miaka na miaka bila kuchuja. Mhusika hatunzwi muda wote huo kwa bahati. Semzaba alimtunga Ngoswe, yule karani wa sensa aliyeponzwa na mapenzi, akamweka kwenye kurasa. Majuto alimtunga Majuto akambeba mwilini. Tofauti ni mahali pa kuhifadhia. Na Semzaba mwenyewe alikuwa mwigizaji na mwalimu wa sanaa za maonyesho pale Mlimani. Alijua kwamba maneno ya jukwaani yanaanzia mdomoni.

Tutoke kidogo nje ya nchi. Ufaransa ya karne ya 17 walikuwa na mchekeshaji wao, Molière. Alikuwa kiongozi wa kikundi, mtunzi wa michezo na mwigizaji wake mkuu, yote kwa pamoja. Februari 1673 aliugua akiwa jukwaani, tena akicheza nafasi ya mtu anayejidhania mgonjwa, na usiku ule ule akafa. Leo anafundishwa kwenye kila shule ya Ufaransa, na watu wanafikiri ni kwa sababu alikuwa na kipaji tu. Kipaji alikuwa nacho. Lakini alikuwa pia na mtu aliyeitwa La Grange. Huyu alikuwa mwigizaji mwenzake. Kila siku aliandika kwenye daftari mchezo gani umechezwa na zimeingia hela ngapi, na mwaka 1682, miaka tisa baada ya mwenzake kufa, alishiriki kuzitoa kazi zake zote vitabuni, zikiwemo ambazo zilikuwa hazijawahi kuchapwa. Mchukue Charlie Chaplin naye. Mara nyingi alianza kupiga picha bila hati iliyokamilika, akawa anatafuta kichekesho mbele ya kamera, anarudia na kurudia mpaka kikae. Hakuna mtu duniani anayesema Chaplin hakuwa mtunzi. Tena mwaka 1919 aliungana na wenzake watatu wakaanzisha kampuni yao, United Artists, ili kazi zao zisiwe mikononi mwa matajiri wa studio.

Kwa hiyo Molière alikuwa na mtu wa kumwandikia, na Chaplin alikuwa na umiliki. Wachekeshaji wetu wamekosa vyote viwili, na hapo ndipo habari inapoacha kuchekesha.

Mwaka 2018, Mzee Majuto akiwa mgonjwa, nchi nzima ilianza kuongelea mikataba yake. Mtu ambaye sura yake ilikuwa imeuza bidhaa kwenye matangazo alikuwa anahitaji msaada wa matibabu, mpaka akapelekwa India. Malalamiko juu ya malipo na mikataba ya matangazo yakafika serikalini, na waziri wa habari na sanaa wa wakati huo, Dkt. Harrison Mwakyembe, akaunda kamati ya kupitia mikataba ya wasanii. Ni jambo jema, ila tazameni mpangilio wake: mtu amefanya kazi tangu enzi za mkoloni, mikataba yake inakuja kusomwa vizuri akiwa kitandani. Waswahili walishasema majuto ni mjukuu. Safari hii hata mjukuu alichelewa.

Na si yeye peke yake. Mzee Small, Said Ngamba, aliyetuchekesha kwenye televisheni tukiwa wadogo, aliugua muda mrefu baada ya kupata kiharusi, akafariki Juni 2014. Wakumbukeni pia kina Joti, Masanja na Mpoki. Walipata jina EATV na Ze Comedy. Walipohamia TBC, jina likawa na mgogoro, wakaibuka na jina jingine, Orijino Komedi. Waliobuni wahusika, sauti, mavazi na misemo walihama na vichwa vyao, jina likabaki nyuma. Mchekeshaji anaweza kutunga kila kitu kwenye kipindi na bado akaondoka mikono mitupu, kwa sababu kwenye karatasi yeye ni "mshiriki".

Sheria tunayo. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inamtambua mtunzi, na inamtambua pia mtendaji, yaani mwigizaji, kwa haki ya pembeni yake. Haki ya mtunzi inaishi maisha yake yote na miaka 50 baada ya kufa kwake. Sasa pigeni hesabu. Kwa kazi alizotunga Mzee Majuto na hakuziuza, haki hiyo inakwenda mpaka mwaka 2068. Mimi nitakuwa nimestaafu ualimu, na warithi wake bado wana haki ya kudai. Lakini watadai nini, na kwa ushahidi gani, kama hakuna popote palipoandikwa "kisa hiki kimetungwa na fulani, mwaka fulani"? Aliyecheza ana haki yake, aliyetunga ana haki yake, na aliyefanya vyote viwili ana haki mbili. Tukimwita mchekeshaji "msanii wa kuigiza" na kuishia hapo, tumemnyang'anya moja kwa jina tu, kabla hata tajiri hajatoa kalamu.

Najua wapo watakaosema: sawa, lakini vichekesho vile vina matusi ya chini chini, vinawadhalilisha wanawake, vinawacheka washamba. Hoja hiyo naikubali kwa sehemu kubwa. Sisi watu wa kusini tunajua kuchekwa. Ni mara ngapi mchekeshaji akiishiwa anaweka lafudhi ya Kimakonde, ukumbi unaangua kicheko hata kabla hajasema kitu? Nimeketi kwenye kumbi hizo, na kicheko kile kina kutu. Vichekesho vingi, vya Majuto vikiwemo, vina mke mlalamishi, vina binti anayetazamwa kama nyama, vina mtu wa shamba asiyejua mjini. Hayo yote yapo.

Lakini ndiyo sababu ya kuviandika na kuvifundisha, kwa sababu kitu kisichoandikwa hakihojiwi. Ngoswe nayo ina mzee mlevi, ina binti anayetoroshwa, na tukaisoma darasani, mwalimu akatuuliza: mwandishi anamchora vipi mwanamke? Kwa nini? Unakubaliana naye? Kichekesho cha kibanda umiza hakijawahi kuulizwa swali hata moja. Kinaingia kwa watoto kikiwa hakijatafunwa. Nilipokuwa kwenye mazoezi ya kufundisha, kidato cha pili walikuwa wanasinzia kwenye mada ya sanaa za maonyesho. Nikawaambia wanieleze kichekesho chochote wanachokijua, waniambie nani anataka nini na nani anamzuia. Kipindi kiliisha wanabishana kama yule mke kwenye kisa alionewa au hakuonewa. Maneno "mgogoro" na "mhusika mkuu" walikuwa wanayatumia wenyewe, na ubaoni sikuwa nimeyaandika. Hicho ndicho kipindi nilichokitamani tangu naanza kozi hii.

Sasa tufanye nini? Naweka mambo matatu, na yote yanawezekana kwa bumu hili hili tunalolilalamikia.

La kwanza, tuwe kina La Grange. Msiniambie wanafunzi hawawezi. Mwaka 1968 Idara ya Historia pale Mlimani iliwatuma wanafunzi wa shahada ya kwanza, vijana wa umri wetu, waende vijijini wakawahoji wazee juu ya Majimaji. Mpaka wakati huo sehemu kubwa ya maandishi juu ya vita vile ilikuwa ya Wajerumani, wale wale waliowanyonga watu kwetu Kivinje pale tunapopaita Mwembe Kinyonga. Wazee walikuwa na habari vichwani, wanafunzi wakaenda wakazinukuu, na leo huwezi kusoma historia ya vita vile bila kupitia kazi ile. Kama mdomo wa mzee ulitosha kuwa nyaraka kwa habari ya vita, unashindwa nini kwa habari ya kicheko? Chama cha Kiswahili kichague vichekesho vitano tu. Wawili wawili wakae na simu na daftari, waandike kila neno, kila kituo, kila mahali mzee anapokaza macho. Waandike nani katunga, nani kacheza, wapi, mwaka gani. Nakala iwekwe maktaba. Na wale waliocheza na Majuto ambao bado wapo, waulizwe sasa: kisa mlikipangaje? Nani alitoa wazo? Maswali hayo yana muda wake wa kuisha.

La pili linawahusu walimu watarajiwa. Mada za fasihi simulizi na sanaa za maonyesho hazitukatazi kutumia kichekesho kama mfano. Hatuhitaji kusubiri waraka. Ukienda kituo chako cha kazi, iwe Liwale, Ruangwa au Kilwa, weka tamthilia ya kitabuni na kichekesho kilichonukuliwa meza moja, watoto walinganishe. Yule wa Kivinje aliyekulia kibandani atagundua kwamba ameingia darasani na mtaji.

La tatu ni la hapa hapa nyumbani, na nadhani wahariri wa jarida hili la serikali ya wanafunzi wataniruhusu niliseme. Kila mwaka vyuo vyetu vinaalika wachekeshaji kwenye usiku wa kuwakaribisha mwaka wa kwanza. Kijana anakuja, mara nyingi ni mwanafunzi mwenzetu, ametunga mwenyewe dakika 15 juu ya maisha ya hosteli, sapu na mkopo kuchelewa. Anapewa nauli na maji ya chupa. Kesho yake simu 200 zimesharusha kichekesho chake chote mtandaoni, na akienda ukumbi mwingine watu wanamwambia hicho tumeshakiona. Tunalia na makampuni yaliyomtumia Mzee Majuto, na sisi tunafanya hayo hayo kwa kiwango chetu. Tuwe na mkataba wa ukurasa mmoja: analipwa kiasi gani, nani anaruhusiwa kurekodi, kipande cha urefu gani kinaweza kurushwa, na jina lake liandikwe kama mtunzi, si "burudani" tu kwenye ratiba. Wanafunzi wa sheria wapo, wauandike. Tukianza hivyo, atakayetoka hapa kwenda kuajiri wachekeshaji kwenye kampuni au kituo cha televisheni atakuwa ameshazoea kuona mistari miwili ya malipo, mmoja wa kutunga na mmoja wa kucheza.

Hakuna kati ya haya kitakachomrudishia Mzee Majuto chochote. Lakini wapo wanaoanza sasa, na wapo waliobaki ambao nywele zimeshakuwa nyeupe. Hao bado tunaweza kuwawahi.

Ombi langu la mwisho ni kwa jarida hili. Toleo lijalo litupe kurasa nne. Tuchape humo kichekesho kimoja cha Mzee Majuto, kikiwa kimenukuliwa vizuri na familia yake imeombwa ruhusa na kukubali, tukisome kama tunavyosoma tamthilia nyingine yoyote, tukisifu na tukikosoe. Na juu kabisa ya ukurasa wa kwanza, mahali ambapo kitabu huweka jina, paandikwe: Mtunzi na mwigizaji, Amri Athumani.